Chungu cha Jumatatu

Kijijini kwetu Nussheim, Jumatatu ni siku ya kufua, na mwanamke aliyezamisha mikono kwenye povu tangu alfajiri hana mikono mingine ya kupikia. Ndiyo maana tuna chungu. Jumapili jioni mama wa nyumba hupanga nyama ndani ya chungu cha udongo, ya ng'ombe, ya kondoo na ya nguruwe, akaifunika kwa viazi na vitunguu, akamimina divai nyeupe. Jumatatu asubuhi hukipeleka kwa mwokaji mikate. Mwokaji huziba kifuniko kwa utepe wa unga uliokandwa ili mvuke usipate pa kutokea, kisha hukisukuma tanurini mikate ikishatoka. Mchana chungu hurudi nyumbani kikiwa na kola ya mkate mgumu shingoni.

Kola hiyo lazima ivunjwe kwa kisu, na si na mtu yeyote tu. Huivunja mwenye nyumba, na akiwepo mgeni huachiwa mgeni. Ukikosana na mtu kisha ukamwambia, "Njoo uvunje unga kwangu," naye akaja, yaliyopita yamezikwa na hakuna mwenye ruhusa ya kuyafukua. Akikataa, basi. Nussheim hatuna baraza jingine la usuluhishi na hatujawahi kulihitaji.

Odilia Burgert aliviziba vyungu hivyo kwa zaidi ya miaka hamsini. Alikuwa mwanamke mfupi, mpana, mwenye mikono iliyoungua mpaka kwenye viwiko na mdomo usio na kufuli. Alizaliwa bendera ya Mjerumani ikipepea juu ya Alsasi, jimbo letu hili la mpakani, akaja kuwa Mfaransa, akawa Mjerumani tena, akafa Mfaransa, na muda wote huo hakuwahi kulala nje ya kijiji zaidi ya siku chache. Kila bendera ilipobadilika, bango la duka la mikate lilipakwa upya kwa lugha nyingine. Odilia alikuwa akisema kwamba katika vita vyote vya Mjerumani na Mfaransa aliyepata faida ni mpaka rangi wa Nussheim peke yake.

Lakini hakuwa mtu wa kucheka tu. Kuna jambo moja alilolitaka kuliko yote maishani, na nililiona likimnyima raha mwaka baada ya mwaka: alitaka mume wake na mdogo wake wa kiume wale chungu kimoja.

Mume wake ni August, mwokaji, mtu mrefu, mpole, asiyejua kusema uongo hata wa kumfurahisha mgonjwa. August alizaliwa Nussheim, lakini baba yake na mama yake walikuwa wametoka Baden, Ujerumani, ng'ambo ya mto Rhine. Wakati ule hakuna aliyejali. Mto ulikuwa mto tu, na pande zote mbili watu walielewana lugha. Mdogo wake Odilia ni Seppi Husser, mkulima wa mizabibu, mkali kama siki. Vita ya Kwanza ya Dunia ilipoanza, vijana wetu wote waliitwa jeshini kwa Kaisari wa Ujerumani. Seppi aliteleza usiku, akavuka milima ya Vosges na kujiunga na Wafaransa. August aliachwa nyumbani kwa sababu ya mapafu mabovu, akapewa kazi ya kuoka mikate ya kambi ya jeshi.

Wajerumani walipogundua kuwa Seppi ametoroka, walimkamata baba yao, mzee Husser, wakamfunga mjini Colmar. August alikuwa akienda kila wiki kumpelekea mkate, akitukanwa getini kila mara. Mzee alifia gerezani msimu wa baridi wa pili.

Wafaransa waliingia kijijini Novemba ya mwaka 1918. Tulicheza barabarani, wasichana wakavaa vilemba vyetu vyeusi vya utepe mpana, na Seppi akarudi akiwa na nishani kifuani na kofia ya bereti kichwani. Odilia alimkimbilia akamkumbatia mpaka nishani ikamkwaruza shavu. Seppi akaangalia juu ya bega la dada yake, akamwona August amesimama mlangoni na aproni yake.

"Huyu bado yupo?" akauliza.

"Yupo, tena kakuokea keki," Odilia akasema. "Ingia, kaka."

"Baba yangu kafa njaa kwenye gereza lao, na huyu alikuwa anawaokea mikate. Siingii."

Odilia alimweleza habari ya mikate ya kila wiki. Seppi hakutaka kusikia. Mimi nadhani alijua moyoni kwamba kutoroka kwake ndiko kulikomfunga baba yake, na mtu mwenye mzigo wa namna hiyo hutafuta bega la mwingine la kuutua. August alikuwa na mabega mapana.

Mwaka uliofuata serikali mpya ilianza kutuchambua. Kila mtu alipewa kadi. Aliyezaliwa na wazazi wa Alsasi alipata kadi ya A, akatembea kifua mbele. Aliyekuwa na wazazi wa ng'ambo alipata ya D, na wenye D walianza kupelekwa darajani, kilo thelathini za mizigo kwa kila mtu, wavuke Rhine wakatafute kwao. Odilia alipata A. August akapata D. Wangemruhusu Odilia abaki, bila shaka, na tanuri, na kitanda cha watu wawili.

Kamati ilikuja Nussheim kusikiliza kesi, ikakaa shuleni. Mwenyekiti alikuwa Kapteni Lescure, mtu wa kusini kabisa mwa Ufaransa, ambaye hakuelewa hata neno moja la lugha yetu na alilala kwa padri. Jumamosi Odilia alipata habari kwamba kuna shahidi dhidi ya August. Hakuhitaji kuuliza ni nani, maana shahidi mwenyewe alimjia dukani.

"Nimesema, na nitasema tena Jumatatu mbele ya kamati," Seppi akamwambia. "Sitaki usikie kwa watu."

"Ahsante kwa heshima, kaka. Unataka mume wangu avuke daraja?"

"Nataka arudi kwao."

"Kwao ni pale kwenye unga. Fungua ule mlango umwambie mwenyewe."

Seppi akampa kisogo. Usiku huo Odilia alimfungia August mfuko wa safari wa turubai: mashati matatu ya flana, soksi za sufu alizofuma mwenyewe, wembe, na soseji ya moshi. Alilia akiwa anakunja mashati, na August, ambaye hakujua kusema uongo, hakumwambia kwamba mambo yatakuwa mazuri. Alikaa tu pembeni yake akishikilia mfuko wazi.

Jumatatu asubuhi wanawake walileta vyungu kama kawaida, wakaambiwa mikate ya siku hiyo itachelewa. Odilia akaviziba kimoja kimoja, akawasalimia, akauliza habari za watoto, akavisukuma tanurini. Wakaenda kufua. Mchana wakarudi na vitambaa vyao vya kushikia vyungu vya moto, Theres Ziegler, jirani yake, akiwa mbele.

Theres akashika chungu chake. Akakigusa kwa kiganja. Akagusa tena.

"Odilia! Mbona baridi?"

"Sikuwasha."

"Hukuwasha nini?"

"Moto. Tanuri hili lilijengwa na baba mkwe wangu kutoka Baden, mwenzangu. Nikaona moto wake pia utakuwa wa Kijerumani. Nimeogopa usije ukaiharibia nyama yenu kadi yake ya A."

Kelele zilizofuata zilisikika mpaka shambani. Wanawake wenye mikono iliyovimba kwa sabuni, waume njiani wakirudi, na chungu cha nyama mbichi! Mmoja alimwita mwendawazimu. Mwingine alisema atampiga. Odilia aliwaacha wamalize, kisha akawaambia, safari hii bila mzaha hata kidogo:

"Saa nane mume wangu anahukumiwa pale shuleni. Akivuka daraja navuka naye. Msiniulize mimi nani atawasha tanuri. Kamuulizeni kapteni."

Theres akatazama chungu chake, akatazama vyungu vya wenzake, kisha macho yake yakatua kwenye kimoja cha kahawia chenye ua la bluu.

"Hiki si cha mpishi wa padri?"

"Ndicho," Odilia akasema. "Chakula cha kapteni."

Theres Ziegler akaanza kucheka, na akikumbuka mpaka uzeeni alikuwa bado anacheka. Walibeba vyungu vyote, wakapanda mtaa kwa msururu wakiwa na aproni zenye maji, wakaingia shuleni bila kubisha na kuvitua mezani mbele ya kamati, juu ya karatasi zao. Cha ua la bluu walikiweka mbele ya kapteni mwenyewe.

Padri akatafsiri, jasho likimtoka. Theres akasema kila alichokuwa nacho: kwamba August alimpa mkate bure mwaka wa njaa, kwamba alimpelekea mzee Husser chakula gerezani wakati ndugu zake wa damu waliogopa kufika getini, kwamba sisi hapa tuna kadi za A na tunashinda njaa kwa ajili yake. Kapteni alivunja kola ya unga, ambayo ilikuwa bado tepetepe na ikamnata vidoleni, akafunua, akaiona nyama mbichi ikielea kwenye divai. Inasemekana alitikisa kichwa kama mtu anayejiuliza nchi gani hii aliyoikomboa.

Akauliza nani anashuhudia dhidi ya mwokaji. Seppi akasimama. Kapteni akauliza nani yuko upande wa mwokaji. Wanawake wote wakanyoosha mikono, na mmoja wa mikono hiyo ulikuwa wa Balbina, mke wa Seppi. Seppi akamtazama mkewe, akavaa bereti yake, akatoka nje. August akapewa kibali cha kubaki, na Odilia akakimbia kuwasha moto. Siku hiyo Nussheim tulikula chakula cha mchana jioni.

Jumatatu iliyofuata Odilia alimwita mdogo wake aje avunje unga. Akakataa. Odilia akamwita tena Mwaka Mpya, na kila Mwaka Mpya baada ya hapo, na kila Jumatatu aliweka mezani sahani ya tatu. Watu walimwambia asijidhalilishe. Yeye akawajibu kwamba sahani ni yake na meza ni yake. Seppi alinunua mkate kupitia kwa Balbina, akamsalimia dada yake kanisani, na akipishana na August barabarani alitazama mizabibu hata pasipo na mizabibu.

Ule mfuko wa turubai Odilia hakuupakua. Soseji waliila, bila shaka, lakini mashati yalibaki ndani, nyuma ya tanuri mahali pakavu. Kila majira ya kuchipua aliyaanika, akayakunja, akayarudisha. August alimwuliza kwa nini.

"Serikali zinakuja na kurudi," akasema. "Mashati yakae tayari."

Nao wakarudi. Kiangazi cha mwaka 1940 Wajerumani waliingia, na hawa hawakuwa kama wale wa Kaisari. Walikataza Kifaransa hata cha kusalimiana. Walikataza bereti, bereti, jamani, kana kwamba nchi huongozwa kwa kofia! Seppi akaivaa kwenda kanisani, kwenda posta, kwenda chooni. Akatozwa faini, akavaa tena. Kisha yakaanza yale yale upande wa pili: waliopenda Ufaransa mno wapakiwe kwenye malori wapelekwe Ufaransa, mali zao zibaki. Kilo thelathini kwa kila mtu. Hata uzito hawakuubadilisha.

Kwa August mambo yaligeuka. Mtoto wa watu wa Baden! Walimpa mkono barabarani. Siku moja alivaa suti ya kanisani, akapanda treni kwenda Colmar bila kumuaga mkewe, akaomba kuonana na bwana mkubwa wa ofisi iliyoandika orodha ya watu wa kuhamishwa. Alikuja kutusimulia baadaye, kwa aibu, kana kwamba ameshindwa kazi ndogo.

"Nimekuja kumwombea Seppi Husser," alimwambia yule bwana.

"Ni nani wako?"

"Shemeji yangu."

"Mnapatana?"

Hapo mtu mwingine yeyote angedanganya.

"Hapana, bwana. Hatujasemezana miaka ishirini na moja."

Bwana mkubwa akacheka sana. "Sasa unamwombea wa nini?"

"Bado hajavunja unga kwangu."

Alitolewa nje kwa adabu kwa sababu ya baba yake wa Baden. Alipofika nyumbani Odilia alimvua koti, akamfokea kwa kuhatarisha shingo yake, kisha akamshika uso kwa mikono miwili na kumbusu mbele ya wateja. Sikupata kuwaona wakifanya hivyo kabla ya siku ile.

Walikuja kumchukua Seppi Jumatatu moja ya Desemba, theluji ikianguka. Waliwapa yeye na Balbina saa moja wajifungashe. Lori lilisimama mbele ya kanisa na watu wakajikusanya mbali kidogo, kila mmoja akiogopa kuonekana anasikitika. Odilia alipopata habari alikuwa amekwisha kusukuma vyungu tanurini. Alisimama kidogo akifikiri. Kisha akachukua sepetu ndefu, akavuta chungu chake mwenyewe kabla ya wakati wake, akakizungushia aproni na kutoka nacho nje. August akamfuata na mfuko wa turubai begani.

Walipita katikati ya watu mpaka kwenye lori. Askari akapiga kelele kwamba muda umekwisha. Odilia akamgeukia na kumjibu kwa lugha yetu, ambayo kwa kuwa ni ndugu wa lugha yake aliielewa vizuri mno.

"Huyu ni mdogo wangu na anakula. Mama yako hakukufundisha kumngoja mtu amalize kula?"

Askari yule akaanza kuitazama saa ya kanisa. Seppi alikuwa amekaa ukingoni mwa lori na bereti kichwani na furushi dogo mapajani, maana alikuwa amegoma kufungasha na Balbina amefungasha peke yake. August akamwekea mfuko miguuni.

"Hiki nini?" Seppi akauliza, akimtazama dada yake.

"Mashati ya shemeji yako," Odilia akasema. "Niliyafunga mwaka ule uliotaka avuke daraja. Ni ya flana. Huko mnakokwenda kuna baridi."

Seppi akafungua mfuko. Akagusa shati la juu, akaona lilivyokunjwa, akanusa harufu ya tanuri ndani yake. Watu wote tuliokuwepo tunajua alichofanya baada ya hapo. Alivua bereti, ambayo hakuwa amemvulia Mjerumani yeyote tangu kiangazi, akaiweka gotini.

August akachomoa kisu cha mkate kutoka kwenye aproni, akamgeuzia mpini.

"Njoo uvunje unga kwangu, shemeji."

"Hapa si kwako."

"Chungu ni changu."

Seppi akachukua kisu. Kisu kikateleza mara mbili, ndipo kola ikapasuka na mvuke ukampanda usoni. Alichota kwa kijiko alichopewa na Odilia, akatia mdomoni, akatafuna muda mrefu.

"Viazi havijaiva," akasema.

"Umechelewa miaka ishirini na moja," August akamwambia, "na bado unataka viazi viive?"

Seppi akapasuka kwa kicheko na chakula mdomoni, akapaliwa, Balbina akampigapiga mgongoni, na machozi yalikuwa yakimtiririka wala hakuyafuta. August naye akachota. Wakala hivyo, mmoja juu ya lori na mmoja kwenye theluji, mpaka askari akasema basi, safari hii kwa sauti ya chini. Odilia akampa Balbina chungu kizima, na lori likaondoka. Nilimtazama Odilia. Alikuwa analia na kutabasamu kwa pamoja, mwanamke aliyepata alichokitaka siku aliyonyang'anywa.

Seppi alirudi mwaka 1945 akiwa na shati la flana lililopauka, na chungu kisicho na kifuniko. Nusu ya Nussheim ilikuwa imebomoka, lakini tanuri lilisimama. Wafaransa walipoanza tena kuuliza nani aliwaokea Wajerumani mikate, Seppi alisimama mlangoni pa duka na nishani yake na kuwaambia waanze na yeye. Kuanzia hapo alikuja kila Jumatatu, akavunja unga, akakaa mbele ya ile sahani ya tatu, na kila Jumatatu akalalamika kwamba viazi havijaiva. Viazi vya Odilia viliiva siku zote. Odilia alikuwa akimpiga kwa kitambaa cha vyombo, na August alicheka mpaka mapafu yake mabovu yakamkumbusha umri wake.

Odilia alikufa mwaka 1961, Novemba, akiwa amesimama mbele ya meza ya kukandia. Tulimzika Ijumaa, na kijiji kizima kilikuja, pamoja na watu wa ng'ambo waliovuka daraja bila kuulizwa kadi.

Jumatatu August alipanga nyama mwenyewe, akaziba chungu mwenyewe, akakisukuma tanurini. Seppi akaja wakati wake. Wakakaa wazee wawili, sahani tatu mezani. August akamgeuzia shemeji yake mpini wa kisu. Seppi akavunja unga, akachota, akatafuna muda mrefu akitazama ile sahani tupu.

"Viazi havijaiva," akasema, na safari hii ilikuwa kweli.

"Najua," August akasema.

Wakavila vyote.